Gemu niweke C au D? Uzi wa wenye SSD moja ya GB 256

Faili_Kuu:

Wakuu, salaam.

Swali la "gemu niweke C au D" limeulizwa humu mpaka limeota mvi, na jibu ni lile lile kila siku: fundi kasema ukiweka gemu C (ile sehemu ya diski yenye Windows) mashine inakuwa nzito, weka D. Leo tulifungue vizuri, maana wengi wetu tunachezea hizi laptopu za ofisi zilizotumika, EliteBook, Latitude na ThinkPad, zenye SSD (diski ya chipu) moja ya GB 256. Wenye mashine za diski tatu na mataa ya rangi mnaweza kupita tu, uzi huu hauwahusu sana.

Msimamo wangu nauweka mapema ili wa kubisha aanze kujiandaa. Kama una SSD moja, weka gemu C na usiogope. Herufi haina uzito wowote. Kinachoifanya mashine iwe nzito ni SSD kujaa, na itajaa hata ukiikata vipande vitano.

Kwanza hakikisha una nini ndani. Fungua Task Manager, nenda Performance, tazama upande wa kushoto. Ukiona C na D zimeandikwa pamoja kwenye Disk 0, hiyo ni diski moja ambayo fundi aliikata siku alipokupigia Windows, yaani alipoiweka upya. Gemu ikikaa C au D inasomwa na chipu zile zile, kwa kasi ile ile. Ukiona C iko Disk 0 na D iko Disk 1, hapo una diski mbili kweli, na hapo hapo utaambiwa ipi SSD na ipi HDD, ile diski ya zamani inayozunguka. Tofauti yake si ndogo: HDD ya laptopu husoma kama MB 100 kwa sekunde, SSD ya SATA hufika 550, na NVMe (SSD ya kasi zaidi) ya kizazi cha tatu inaweza kupita 3000. Kwa mtu mwenye diski mbili za namna hiyo, kumwambia "weka D" ni kumhamisha kutoka barabara ya lami kwenda njia ya ng'ombe.

Sasa hesabu. GB 256 ya kwenye boksi Windows inaionyesha kama 238. Hujaibiwa. Mtengenezaji anahesabu GB moja kuwa baiti bilioni moja, Windows inahesabu kwa mafungu ya 1024. Ndiyo maana 512 nayo inasomeka 476. Toa Windows yenyewe, madraiva, Office, na yale mafaili mawili makubwa yaliyofichwa, pagefile.sys (la kuisaidia RAM) na hiberfil.sys (la kuhifadhi kazi mashine ikijizima), unabaki na 180 hivi. Kisha usiijaze yote. SSD inahitaji nafasi tupu ya kuzungushia maandishi yake, ikibanwa kasi ya kuandika inaporomoka. Mimi huacha asilimia 15, yaani kama GB 35 kwenye hiyo 238.

Umebaki na 145. Red Dead Redemption 2 inaomba 150. Baldur's Gate 3 inaomba 150. Starfield 125, na wameandika kabisa kwamba SSD ni lazima. Cyberpunk 2077 ina nafuu, 70. Kwa hiyo kwenye 256 gemu kubwa inaingia moja tu: zile za 150 zitakumegea hadi hiyo akiba, za chini ya hapo pembeni yake unaweka vitu vidogo vidogo. Ukitaka kubwa mbili, nunua diski. Hakuna ujanja hapo, na anayekuuzia programu ya "kuongeza nafasi" anakuuzia upepo.

Mahali pa kuweka ndani ya C. Steam, programu ya duka la magemu, huingia yenyewe Program Files (x86), na haina tatizo, kwa sababu folda yake inapewa ruhusa ya kuandikwa. Matatizo yako kwa magemu ya zamani, yale ya kabla ya Windows Vista, na magemu unayoyachokonoa kwa kuweka modi, yaani mabadiliko yaliyotengenezwa na wachezaji. Program Files inalindwa. Gemu ya zamani ikijaribu kuandika mle, Windows haiikatalii wazi wazi, inachukua faili na kulipeleka kimya kimya kwenye folda moja ndani ya AppData, Local, inaitwa VirtualStore. Matokeo yake unafuta gemu, unaiweka upya, na mipangilio ile mibovu inarudi kama mzimu. Ama unabandika modi ya GTA San Andreas na gemu haioni kitu. Dawa ni rahisi: tengeneza folda yako, C:\Magemu, uweke humo vyote visivyotoka Steam, Epic au Xbox.

Faili za kusevu ndizo watu wanazolia nazo. Mara nyingi hazikai ndani ya folda ya gemu. GTA V inaweka Documents, ndani ya Rockstar Games. PES, ile ya mpira, inaweka Documents, ndani ya KONAMI. Nyingine ziko Saved Games, nyingine AppData. Kwa hiyo yule anayehamisha folda ya gemu kwenda D halafu anapiga Windows akiamini yuko salama, gemu ataikuta na msimu wake wa Master League hataukuta. Steam Cloud inasaidia kwa baadhi ya magemu, si yote. Ukurasa wa gemu kwenye duka la Steam utakuambia kama ina Cloud au haina.

Kuna OneDrive pia. Windows 11 inapenda kuivuta folda ya Documents iingie OneDrive bila wewe kujua umekubali lini. Hapo kila ukisevu, faili linapanda mtandaoni kwa bando lako, na nafasi ya bure ni GB 5 tu. Zima hiyo "Backup" ya Documents ndani ya mipangilio ya OneDrive, lakini nakili faili zako kwanza, kwa sababu ukizima ovyo unaweza kukuta Documents tupu na mafaili yamebaki upande wa OneDrive.

Kuhamisha: kwenye Steam nenda Settings, Storage, chagua gemu, bonyeza Move. Usitumie kata na bandika. Xbox app nayo ina sehemu yake ndani ya Manage, kichupo cha Files. Epic ndiyo yenye zengwe. Badilisha jina la folda ya zamani, ondoa gemu ndani ya programu ya Epic, anza kuipakua upya mahali papya, ikifika asilimia moja au mbili isimamishe na uifunge Epic kabisa, bandika mafaili yako ya zamani juu ya hayo mapya, kisha fungua uendelee. Itayakagua na kupakua kinachokosekana tu. Wale mnaochukua gemu za bure za Epic kila wiki mlihifadhi hili.

Nimemaliza, karibuni tubishane.

mtoto_wa_tandika:

Nimeweka kambi hapa na mkeka nimetandika.

Fundi Kipara:

Mkuu nakuheshimu ila hapo kwa mafundi umetuonea. Sisi tunakata C na D kwa sababu mteja akirudi na Windows iliyokufa, tunafuta C tu na vitu vyake viko D salama. Wewe ukimwambia aweke kila kitu C, siku Windows ikigoma kuwaka atakuja kulia dukani kwangu, si kwako. Na wateja wengi hawana diski ya nje ya kuhifadhia.

Faili_Kuu:

@Fundi Kipara hoja yako ya kupiga Windows naikubali kabisa, tena kwa Steam ni tamu zaidi: folda ya SteamLibrary ikiwa D, ukishaweka Steam mpya unaenda Storage, unaongeza D, magemu yanatokea yote bila kupakua hata MB moja ya maana. Ugomvi wangu ni vile vipimo. Mtu ana 238, anakatiwa C ya 80 na D iliyobaki. Baada ya apdeti mbili tatu za Windows, C ina GB 4, D ina 90 tupu, na gemu zinagoma kwa sababu pagefile na Temp (folda ya mafaili ya muda) viko C. Kama lazima ukate, mwachie C isiyopungua 120. Ila picha na kazi za mteja kukaa D kwenye SSD ile ile usimwambie ni salama. SSD ikifa, zinakufa C na D siku moja.

Fundi Kipara:

Hapo kwenye 120 nimekuelewa. Kwenye 512 nakata 200 kwa C, sijapata malalamiko.

Nuru ya Ilala:

Mkuu mimi nina EliteBook 840 G3, SSD 256. Naweza kuongeza diski ya pili bila kutoa hii?

Faili_Kuu:

Fungua mfuniko wa chini uone. G3 ina nafasi ya M.2 na nafasi ya diski ya inchi 2.5. Kama SSD yako ni ile ya M.2, ya bapa kama ubao wa chingamu, weka SSD ya SATA ya inchi 2.5 pembeni yake. Utahitaji ule waya wake mwembamba na kibebeo, mara nyingi mashine hizi zinakuja bila hivyo, kwa hiyo muulize muuzaji kabla hujalipa diski. Kama SSD yako ndiyo hiyo ya 2.5, basi una bahati, ongeza M.2 tu. Zile laptopu za zamani zenye tundu la DVD, toa DVD weka kibebeo cha diski, ila pima unene kwanza: vipo vya milimita 9.5 na 12.7 na haviingiliani.

jogoo_la_shamba:

Kwani lazima SSD? Mimi nacheza PES 2017 na San Andreas kwenye HDD ya GB 500 tangu zamani na sijawahi kulala njaa. Msituuzie vifaa humu.

Faili_Kuu:

Na uendelee hivyo hivyo mkuu, magemu hayo yalitengenezwa watu wakiwa na HDD. Yatachelewa kufunguka, yakishafunguka hayana shida.

Tena kuna kisa kizuri kuhusu HDD. Helldivers 2 kwenye PC ilikuwa inakula takribani GB 150, wakati kwenye konsoli ilikuwa ndogo mno. Sababu ni kwamba watengenezaji, Arrowhead, walikuwa wamerudufu data zile zile mara nyingi ndani ya mafaili ili sindano ya HDD isihangaike kuruka huku na huku kuzitafuta. Mwenye SSD alikuwa anabeba mzigo wa mwenye HDD. Mwishoni mwa 2025, wakisaidiana na studio ya Nixxes, wakazitoa hizo nakala, gemu ikashuka hadi kama GB 23. Na walipopima wakakuta hata wa HDD hawaumii sana, kwa sababu sehemu kubwa ya muda wa kusubiri ilikuwa ni kompyuta kuijenga ramani, wala si diski. GB zaidi ya 120 kwa hofu tu! Kwa hiyo ukiona gemu ni kubwa usidhani kila baiti ina kazi.

Achieng_254:

Nawasalimu kutoka Nairobi. Mmesahau kitu kimoja muhimu kuliko diski, nacho ni data. Sisi kwa nyumba tuko na kompyuta mbili, yangu na ya ndugu yangu. Gemu ikishapakuliwa kwa moja, ya pili inaivuta kwa ile ya kwanza kupitia WiFi ya ndani. Steam walileta hiyo 2023. Unaenda Settings, Downloads, unaruhusu kuhamisha kwa mtandao wa ndani. Mashine zote ziwe zimewaka na Steam iko wazi, na anayepokea lazima awe anaimiliki hiyo gemu. Hata hotspot ya simu inafanya kazi, kwa sababu mzigo wenyewe hautoki nje.

Pia pale pale kwa Downloads, weka ratiba ya apdeti ziwe usiku kama una kifurushi cha usiku. Na gemu usiyoicheza mara kwa mara, kwa Properties zake chagua ijiapdeti ukiifungua tu.

Faili_Kuu:

Dada Achieng asante, hiyo ya ndani kwa ndani watu wengi hawaijui. Niongeze: hata kama rafiki kakupa gemu ya Steam kwenye diski ya nje, ipo njia. Bandika folda yake ndani ya steamapps, common, jina lisibadilike hata herufi, kisha bonyeza Install kwenye akaunti yako inayoimiliki. Steam itagundua mafaili yapo, itayakagua, itapakua kilichopungua.

mchezaji_bora_wa_mtaa:

Mkuu msaada. Flashi ya GB 128, nataka kubeba gemu kutoka kwa jamaa, inakataa inasema faili ni kubwa mno wakati flashi ni tupu kabisa!!

Fundi Kipara:

Hiyo flashi iko FAT32, haipokei faili moja linalozidi GB 4. Ifomati iwe NTFS au exFAT. Ukifomati vilivyomo vinafutika, angalia usiwe na CV yako humo.

Faili_Kuu:

Ya kubebea tu exFAT inatosha. Kama ni diski ya nje unayotaka kuchezea gemu moja kwa moja, chagua NTFS. exFAT kwenye diski kubwa inatenga vipande vikubwa hata kwa faili dogo, na gemu yenye maelfu ya mafaili madogo itakula nafasi kuliko inavyostahili.

Simba wa Kigoma:

Wengine magemu yetu tunawekewa pale kibandani kwa fundi, unalipa unapewa. Juzi nimeweka moja imechukua masaa manne, imekula C yote, halafu imeniambia nizime antivirasi kwanza. Ni kawaida?

Faili_Kuu:

Masaa manne ni kawaida kwa zile zilizobanwa sana, prosesa ndiyo inayofumua. Nafasi nayo, wakati wa kufumua inaandika vipande vya muda kwenye Temp ambayo iko C, hata kama gemu yenyewe umeielekeza D. Ukimaliza futa yaliyomo kwenye Temp.

La kuzima antivirasi sikushauri, na sitafundisha njia humu. Faili limetoka kwa mtu asiyejulikana, linaomba ruhusa za msimamizi, halafu linaomba mlinzi aondoke. Huduma za benki na akaunti zako ziko kwenye mashine hiyo hiyo. Magemu ya zamani kwenye GOG, duka la magemu la mtandaoni, yakiwa kwenye punguzo yanauzwa dola chache sana, unapewa faili la kusakinishia ambalo halihitaji intaneti wala programu yoyote, unalihifadhi kwenye diski yako milele. Anza hapo.

Na kingine kwa ajili yako: ukiona ujumbe kwamba d3dx9_43.dll haipo, usiende kutafuta hilo faili kwenye vijiwe vya mtandaoni. Pakua DirectX ya Juni 2010 kutoka Microsoft wenyewe, limo humo.

Nuru ya Ilala:

Kuhusu kusafisha C tusaidie basi, vitu gani vya kufuta bila hofu.

Faili_Kuu:

Anza kwa kuona. Pakua WizTree au TreeSize Free, itakuchorea nani kakaa wapi. Usifute chochote kabla hujaona.

Kinachojitokeza mara nyingi: Windows.old baada ya apdeti kubwa, hii hujifuta yenyewe baada ya siku 10, ukiwa na haraka itoe kwa Disk Cleanup. Workshop ya Steam, folda ya steamapps, workshop, content, mle kuna modi za magemu uliyoyasahau. Ukitaka kuzipunguza, jitoe kwenye modi zenyewe ndani ya Steam. Shader cache (akiba ya maelekezo ya michoro) ya NVIDIA na ile ya DirectX, ukiifuta inajijenga upya, gemu itakwamakwama mwanzoni tu.

Kisha hiberfil.sys. Kwa kawaida inachukua asilimia 40 ya RAM, kwa mashine ya GB 16 ni kama 6.4. Fungua Command Prompt kama msimamizi, andika powercfg /h off. Itaondoka, na ile Fast Startup itaondoka nayo. Ila kama betri yako imechoka na unapenda kufunga kifuniko ukaondoka, iache. Mashine ikiwa usingizini na chaji ikaisha, ulichokuwa umefungua kimekwenda.

Na mwisho magemu yenyewe. Baadhi, Call of Duty ikiwemo, zinakuruhusu kuondoa sehemu usizocheza. Kama humalizi kampeni, itoe.

kipanga_77:

Pia ipo compact ya Windows yenyewe. Kuna programu ya bure inaitwa CompactGUI, inabana folda ya gemu na gemu inachezeka vile vile. Magemu mengine inapunguza sana, mengine hata asilimia mbili hupati kwa sababu tayari yamebanwa. Apdeti ikija, mafaili mapya yanaingia bila kubanwa, unarudia.

mtoto_wa_tandika:

Nimetoka kwenye mkeka. Swali: kuweka na kufuta gemu kila wiki hakuui SSD? Jamaa kaniambia SSD ina idadi ya kuandikwa.

Faili_Kuu:

Ni kweli ina kikomo, ila fanya hesabu uone kilivyo mbali. Samsung 970 EVO Plus ya GB 250 ina dhamana ya TB 150 za kuandikwa. Ukiweka gemu ya GB 100 kila wiki bila kukosa, ni wiki 1500, miaka kama 29. Laptopu itakuwa imeshageuka sinia la kuuzia karanga. SSD iliyotumika ndiyo ya kukagua: pakua CrystalDiskInfo, tazama asilimia ya afya kabla hujamlipa mtu. Na usipige defrag kwenye SSD, ile Optimize ya Windows inajua kuitofautisha na inafanya TRIM, yaani kuiambia SSD nafasi zipi hazitumiki tena.

mchezaji_bora_wa_mtaa:

Flashi imekubali. Sasa Steam inasema sina nafasi, wakati apdeti ni GB 6 na mimi nina 20!

Faili_Kuu:

GB 6 ni za kupakua. Ndani ya gemu kuna mafaili makubwa makubwa, na Steam ikitaka kubadilisha kipande ndani ya faili la GB 30 inalijenga upya pembeni, kisha inaliweka mahali pa la zamani. Kwa muda huo unahitaji nafasi ya yote mawili. Hamishia gemu nyingine kwenye diski ya nje kwa Move, acha apdeti ipite, irudishe.

jogoo_la_shamba:

Kijana wangu ameweka Valorant D lakini bado kuna kitu chake C. Nifute?

Faili_Kuu:

Usifute mzee wangu. Hiyo ni Vanguard, mlinzi wa wadanganyifu, inakaa C na kuwaka pamoja na Windows popote gemu ilipo. Ukiiondoa Valorant haitafunguka na kijana atakununia. Na kwenye Windows 11 inadai TPM 2.0 na Secure Boot, vile vya usalama wa mashine, viwe vimewashwa, kama itagoma anza kuangalia huko BIOS.

mchezaji_bora_wa_mtaa:

Imeanza kuhama, inasema dakika 40. Ngoja nikanunue LUKU kabla haijakata katikati.